Jina la Mzimu wa Darma

Bandung, Java

Mama yangu mpenzi,

Ugonile? Na wewe dada Atupele, unayemsomea mama barua hii, soma polepole na usiruke kitu, hata pale nitakapojiaibisha. Mama, goti linaendeleaje na baridi ya Kisondela? Na ile migomba ya nyuma ya jiko, upepo umeiacha salama? Mimi mwili mzima, ila roho haitulii. Barua hii nimeianza mara nne, na hata sasa naandika nimesimama, karatasi nimeiweka dirishani.

Masomo ya chai yanaendelea. Wale wenye shamba wapya waliotuleta huku wanataka turudi tunajua kupogoa kwa mashine, nami najifunza. Milima ya huku ina ukungu na mvua kama ya kwetu, asubuhi nyingine natoka nje nautafuta mlima Rungwe. Wali nimeuchoka. Ndizi zipo tele, lakini sijaona anayezipika na nyama.

Nilikwambia nimepanga kwa mama mmoja mjane. Mwanawe, Darma, anaandika filamu za kutisha. Anazunguka vijijini kuwauliza vikongwe hadithi za kale, kisha anazileta mjini. Wana mzimu wa mwanamke aliyefariki akijifungua, wanamwita kuntilanak: gauni jeupe, nywele hadi kiunoni, na akikaribia unasikia harufu ya maua. Bibi zao walimweka juu ya mti. Darma kamwingiza kwenye lifti ya ghorofa Jakarta, na watu sinemani walipiga kelele mpaka nami nikapanda juu ya kiti. Usicheke.

Sasa kosa langu. Siku moja tukinywa chai aliniuliza, "Kwenu mnaogopa nini?" Nikajisahau. Nikamsimulia jinsi mkamwana kwetu anavyomkwepa baba mkwe wake. Jinsi ulivyokuwa ukisikia babu anakohoa, unaacha njia, unaingia migombani na kujifunika khanga. Na kwamba jina lake hujalitaja hata baada ya kumzika. Darma akaweka kikombe chini.

"Na akilitaja?"

"Sijui. Hajawahi."

Filamu ikazaliwa hapo. Mkamwana yuko peke yake katikati ya shamba la chai, analitaja jina la mkwewe marehemu, naye anakuja. Tuliiandika pamoja wiki sita, mama, na sijawahi kufurahia kazi namna ile. Akataka jina la mzimu. Nikampa la babu.

Sisi wajukuu tunalitaja tu, ndiyo maana halikunikwama kooni. Lakini siku ya kupiga picha yule mwigizaji alisimama kwenye chai akalipigia ukelele jina lile mara tatu, nikakuona wewe. Nikakumbuka hospitali ya Makandana, babu alipolazwa, nawe umesimama nyuma ya mlango na kapu la chakula. Muuguzi akauliza, "Mama, mgonjwa wako anaitwa nani?" Ukajibu, "Mwulizeni huyu mwanangu, yeye anaruhusiwa." Nikalisema mimi, tena kwa maringo. Sasa nimelisema kwa watu wasiomjua, na wamelifanya la kutishia. Nilitembea hovyo milimani mpaka mvua ikanirudisha.

Kanda za video siku hizi zinafika kokote. Nikaliwaza lile banda la video pale Kiwira, spika inalitaja kwa kelele jina la mkweo hadi barabarani, na mtu anakuuliza, "Mama Ambokile, si ndiyo filamu ya mwanao hii?" Ungeficha wapi uso wako?

Nikamwambia Darma jina litoke. Alininunia siku mbili. "Ndilo linalotisha!" alisema. Mama yake ndiye aliyenisaidia. "Kama mama wa watu halitaji, wewe nani umtajie?" Akalegea. Sauti za filamu zao hurekodiwa baadaye studio, kwa hiyo jina linabadilika, ila alitaka jingine la kwetu. Nilikaa na kalamu siku nzima. Kila jina nililoliandika, nikamkumbuka mama fulani huko Rungwe asiyeweza kulitaja. Mwisho nikampa langu. Mimi bado sina mkamwana.

Unisamehe, mama. Naomba unijibu, hata mstari mmoja, maana sili vizuri. Mwambie baba kwamba mzee wake tumeshamtoa. Nisalimie shangazi wa kule mtoni, na mwalimu wa kwaya, umwambie sauti ya pili asimwachie mtu mwingine.

Nilitaka kuishia hapa, lakini lazima nikwambie la jana. Tulikuwa studio. Yule binti mwigizaji aliliita kwa kelele jina langu mpaka akapwelewa sauti, na Darma bado anamwambia rudia. Kwa kuchoka akaita taratibu tu, akiuvuta mwisho wake, vile unavyoniita wewe kutoka jikoni chakula kikiwa tayari. "Ambokileee."

Nikaitika kwa nguvu, "Naam, mama!"

Rekodi ikaharibika. Wote wakacheka, nami nikacheka nao, kisha nikatoka nje nikalia.

Mwanao, bado naitika,

Ambokile