Nicanor na Kona ya Omena

Mwaka umezunguka tangu ulipovua joho la uwakili mara ya mwisho, Nicanor. Na kwa kuwa hukupenda kusifiwa uongo, tuanze na ukweli: siku ile ya mkutano wa kona ya omena, mjinga alikuwa wewe. Ulikiri mwenyewe jioni ileile ukiwa jikoni, na mkeo Roseline akakuambia ukiri kwa sauti zaidi, maana majirani walikuwa bado hawajasikia.

Ulitoka Rusinga, mtoto wa wavuvi, ukasoma Mbita, ukaenda mbali, ukarudi na sheria. Ofisi yako hapa Migori ilikuwa juu ya duka la misumari la Mubarak. Ngazi zake zilikuwa mbovu hata Mubarak akawa anasema mteja akifika juu salama, ameshashinda nusu ya kesi.

Ukarimu wako ulianza kwa kugombeza. Mtu akija analia kwamba ameuziwa shamba la mwenzake, kwanza ulimkaripia, kisha ukamwagizia chai, kisha ukamtetea. Nyumbani hukuwahi kuomba mchuzi kama watu wengine. Ulisimama ukasema, "Mheshimiwa Spika, naomba kuwasilisha hoja ya mchuzi," naye binti yako Linet, Spika wa meza, akaikataa hoja. Kanisani uliimba kwa nguvu na vibaya. Hakuna aliyewahi kukuambia. Tunakuambia leo.

Kaunti zilipoanza, watu walikuchagua kuwa mwakilishi wao wa wadi, ukaingia katika lile bunge la kwanza kabisa, wakati hata kanuni za kusimama na kuketi zilikuwa bado zinanukia wino. Wenzako wengi walikuuliza wewe sheria inasemaje. Hapo kichwa kikavimba kidogo.

Ukaandika mswada: meza zote za kona ya barabara ya Isebania ziondolewe, wauzaji wahamie soko jipya, mahali ambapo hakuna gari la abiria linalosimama. Kwa kina mama wale, kona ile ndiyo iliyokuwa chakula na karo. Wewe uliliambia bunge kwamba pale pana meza chache tu. Hukudanganya, hukujua. Maro wako, yaani mama mkwe, Min Roseline, mama yake Roseline, aliuza omena, wale dagaa wa ziwani, pale, na mkwe mwenye adabu hapiti mbele ya maro wake akamkuta ameketi chini na beseni lake. Basi miaka yote ulizunguka kwa njia ya nyuma. Meza zikaongezeka, zikawa soko zima, na mwakilishi wao yuko nyuma ya ukuta, anaheshimu.

Mswada uliuondoa wiki ileile ya mkutano wa kuwasikiliza wauzaji. Uchaguzi uliofuata ukakuondoa wewe. Chama hakikukusamehe, nawe hukulalamika. Ulipanda tena ngazi za Mubarak ukaendelea na kesi za watu mpaka figo zilipokataa.

Tunaokukumbuka ni sisi: mkeo Roseline, binti yako Linet na mumewe Mniko, kaka yako Job na shemeji yako Millicent, ukoo wote wa Rusinga na Mbita, na maro wako, ambaye hadi leo akikutaja hutazama pembeni kwa adabu. Hutatutoka kamwe.

Ila watu wa chama hawajaacha kubishana ni nini kilichokugeuza. Wengine wanasema ulihongwa, wengine wanasema uliogopa. Hakuna kati ya hayo. Sisi tulikuwa ukumbini, na ilikuwa hivi.

Kultum, anayeuza chai na mandazi pale kwenye kona, alikuwa amesimama akikuuliza, "Mheshimiwa, hiyo kona umeiona lini kwa macho yako?" Nawe ukaanza kumsomea vifungu. Ndipo Min Roseline alipoinuka kutoka viti vya nyuma. Ukasimama wima, macho sakafuni. Watu wakageuza shingo, maana kila Mjaluo aliyekuwepo alijua kwamba maro na mkwe hawajibizani ana kwa ana.

Lakini mama alikuwa na lake. Akamgeukia Kultum.

"Nyathina, mwanangu, niulizie huyo mheshimiwa: basi la Kisii litasimama wapi huko anakotupeleka?"

"Mheshimiwa, umeulizwa kwamba—"

"Nimesikia," ukasema, ukiongea na viatu vyako. "Mwambie mama, mabasi yatazoea."

"Mama, anasema mabasi—"

"Nimemsikia. Mwambie omena wangu hawawezi kungoja basi lizoee."

Watu wakacheka. Kultum akajishika kiuno. "Haki ya Mungu! Mimi nilikuja kutetea birika langu, mmenigeuza simu!"

Wewe hukucheka. Jasho lilikuwa linakutoka, na mbele yako waliketi wanawake wa kona nzima, wengi kuliko ulivyowahi kuwadhania, wakingoja kujua kama Jumatatu, mswada ukipita, watakuwa na pa kuuzia. Ukajaribu njia ya mwisho, na usoni tuliona unadhani umeipata.

"Kultum, mwambie mama asiwe na wasiwasi. Nitahakikisha yeye amepata meza nzuri, ya mbele kabisa, karibu na lango."

Safari hii Kultum hakufikisha neno. Min Roseline alijifunga leso upya kiunoni, akawatazama waliomzunguka mmoja mmoja, bila haraka.

"Mwambie nimeshukuru. Na hawa wenzangu, wamwoze mheshimiwa yupi binti zao, ndipo nao wapate meza?"