Pilipili Saba Kwenye Mchuzi wa Karanga

Shoga, kitendawili: nimekiharibu, kikanoga. Jibu linanichoma roho!

Mama yake mke wa mwanangu kaja kupika ile saladi yake ya Kiindonesia, mboga za kuchemsha na mchuzi wa karanga. Akaniambia, "Dada, wewe twanga karanga tu."

Twanga karanga tu! Jikoni kwangu!

Alipotoka kumwaga maji ya mboga, nikamtilia pilipili saba na ukwaju wote. Aumbuke!

Wajukuu wakalamba sahani. "Bibi mgeni, leo umepatia kuliko siku zote!"

Naye anatabasamu: "Ni mkono tu, wanangu."

Mkono! Mkono wa nani, shoga?

Nikidai sifa, najitaja.

Kitinda mimba akanigeukia: "Bibi, mwombe akufundishe."

Nimeanza kufundishwa kesho asubuhi. Yaani naanza. Hata kuandika nashindwa.