Fundo la Stoo ya Vielelezo

Mdogo wangu mpenzi,

Nakusalimu kwa moyo wote. Natumaini kikohozi kimekuachia na wajukuu wanakuacha ulale. Mimi nipo, ila mkono umekuwa mzito. Barua hii imenichukua siku tatu.

Umeniandikia nije niugulie kwako, katika chumba alichokuwa akitengenezea saa marehemu shemeji. Kabla hujatuma gari, kuna jambo nimekuficha miaka ishirini na sita. Uliponiuliza, kwa kuwa nilikuwa askari, bastola iliyomuua mumeo ilitoka wapi, nilikujibu kwamba sijui. Nilijua.

Unakumbuka shemeji alivyomwona Sindano, mkuu wa genge lililotawala mtaa wetu, akimuua mwenye duka la jirani, naye akakubali kutoa ushahidi. Wewe ulimsihi ashughulike na saa zake, awaachie wenye mji mji wao. Akacheka, akasema fundi saa atamdanganya nani kwamba haoni vizuri.

Wakati huo nilitunza stoo ya vielelezo kituoni. Kila silaha iliyokamatwa niliifunga lebo kwa fundo langu mwenyewe, la kuzungusha uzi mara tatu. Wenzangu, walioniita Profesa, walinitania kwamba hata mkate wangu naufunga lebo. Siku iliyofuata mazishi ya shemeji nilikuta mezani kwangu bastola ya stoo, lebo yake imefungwa ovyo kama kamba ya kiatu. Nikamfuata mkuu wa kituo. Hakukasirika. Aliniuliza tu nimebakiza miaka mingapi nistaafu, kisha akaniambia nikaifunge vizuri. Nikaifunga, mara tatu. Sindano aliposhtakiwa kwa kumuua shemeji, mahakamani nikaonyesha fundo lile na kuapa kwamba bastola haikuwahi kutoka stoo. Sindano akaachiwa, nawe, ukiamini nilisema kweli, ukanishika mkono ukaniambia angalau nilijaribu.

Jana niliishia hapo, nikabandika bahasha, nikajiona nimetubu. Leo nimeichana.

Wasalimie wanao wote, na yule mjukuu anayetaka kuwa askari kama mimi umsomee barua hii. Gari usilitume mpaka umefika mwisho.

Ufunguo wa stoo ulikuwa mmoja, nao niliuvaa mimi shingoni. Siku mbili kabla ya msiba, mchana, mkuu alikuja na Sindano, akasema wanaiazima bastola ile. Niliwafungulia, nikakata fundo langu, nikamkabidhi Sindano bastola mkononi. Sikuuliza ya nini. Nilijua shahidi ni nani.

Kaka yako.