Kuni za Matanga

Nkanka, Septemba 1999

Asubuhi mwanangu Kalisti alikuja na shoka kuukata mjakaranda wangu.

"Papa, huu muti ulishakufa, hauna hata jani. Tunatafuta kuni za matanga."

"Matanga ya nani?"

Akatazama chini. "Ya muntu yeyote, Papa."

Nyumbani hakuna mgonjwa mwingine.

Nilimweleza kwamba huu hupukutisha majani kila kiangazi. Tangu vita, kwake kila kisichosogea ni maiti.

Padri hajaniuliza, basi naungama hapa: dawa chungu anayonichemshia mke wa Kalisti naumwagia mti kila jioni. Nikavuta tawi la chini, nikamwonyesha chipukizi.

Kalisti akashusha shoka. "Maman Roza," akamwita mkewe, "kuni tutanunua Kamembe."

Matanga hakuyaahirisha.