Mahindi Yenye Hatukupa Kuku

Jumatatu, 3 novemba
Nimepima kuku asubuhi, kama kila juma. Wenye kula funza wananenepa kushinda wenye kula soja. Vizuri. Soja ya Masisi haifiki tena, barabara imefungwa na vita. Funza ninawafuga kwa takataka za soko. Utafiti wangu wa chuo wote uko hapa nyuma ya nyumba, mtaa wa Mabanga, juu chuo kimefunga.

Jumanne, 4 novemba
Mama mudogo Feza amefika kutoka Masisi na watoto wake watatu. Ni mudogo wa marehemu mama. Miguu imevimba. Nimefurahi kuwaona. Nimeogopa pia. Nitawalisha nini?

Alhamisi, 6 novemba
Gunia jipya la mahindi. Nimefungua: ukungu wa kijani mpaka chini. Sumu yake inaingia kwa maini. Chuoni nilipasua kuku aliyekula ukungu kama huo, ini la manjano, linavunjikia mukononi. Gunia nimeliweka nje kwa ukuta, nitalichoma. Mahindi mazuri yamebaki kidogo tu. Ya kuku, nimeyafungia ndani ya stoo.

Jumapili, 9 novemba
Kutoka kanisani nimeona gunia limepungua. Wezi. Hata uchafu wanaiba.

Jumatatu, 10 novemba
Nimeenda Himbi kuomba musaada kwa ofisi moja. Hakuna. Kurudi, nimekuta bugali mezani.
“Mama mudogo, mahindi umetoa wapi?”
“Kwa ukuta. Si uliitupa?”
“Ile ni sumu! Hata kuku siwezi kuwapa!”
Hakupandisha sauti. “Niliosha, nikaanika. Watoto walikuwa wanalia njaa, na wewe uko unapimia kuku chakula.”
Kuosha hakutoi sumu hiyo. Wamekula siku ngapi?

Jumanne, 11 novemba
Neema, mutoto wa mwisho, anatapika. Nimemubeba mpaka kituo cha afya, Murara. Muuguzi amesema hawana namna ya kupima sumu hiyo; tungoje, tuchunge macho, yakigeuka manjano ni ini limeumia. Najichukia. Niliona njaa yao, nikafunga mulango wa stoo.

Jumatano, 12 novemba
Nimechoma gunia. Mahindi ya kuku nimempa mama mudogo, yote. Utafiti umekufa. Nimemuandikia profesa wangu, yuko Kampala. Amejibu: tutaanza tena wakati mwingine. Wakati gani?
Nimechinja kuku wa kwanza. Mukono ukatafuta ini wenyewe. Jekundu, laini, zima kabisa. Nimelia juu ya beseni.

Jumamosi, 15 novemba
Mvua tangu asubuhi. Neema ameacha kutapika, ameomba chai. Mama mudogo anamusuka nywele karibu na mulango. Hatujaongea sana, lakini amenisogezea kiti. Nimekaa. Nikavuta kope la mutoto kidogo, kama mchezo, nione weupe wa jicho. Bado ni jeupe. Akacheka, akataka nimufanyie na jicho la pili.