Rangi ya Njano

Kansas, 20 Mei 1918

Mwanangu Kornelius,

Salamu nyingi. Mimi mzima, ila mgongo unasumbua. Wewe je, wanakulisha? Na askari anayezisoma barua zetu namsalimu, naye ana mama.

Jana wazalendo wa mjini waliupaka mlango wetu rangi ya njano, ile wanayowapaka wasaliti. Eti kwa sababu ulisimama nje ya kanisa ukasema vijana wasiende vitani kuua. Nina hasira! Nitausugua mpaka rangi itoke.

Mama yako

Gerezani, 9 Juni 1918

Mama mpenzi,

Shikamoo. Nakula, usijali. Wameniletea karatasi: nikitia saini kwamba nilisema uongo, natoka. Nikikataa, ni miaka kumi. Ningekuwa peke yangu ningewacheka. Lakini uko huko na watu wale, na tangu nisikie habari za mlango silali. Jumatatu tarehe 17 nitasaini, usiponikataza.

Mwanao

Kansas, 12 Juni 1918

Mwanangu,

Marahaba. Mgongo umepona wenyewe.

Rangi ilikataa kutoka. Basi nikaenda dukani kwa Bwana Harms, nikanunua njano ileile, nikapaka nyumba nzima, na choo pia. Wale mabwana walipopita kuitazama aibu yangu, nilikuwa juu ya ngazi. Nikawauliza, "Mbona mlipaka kidogo hivyo? Rangi iliwaishia?" Mmoja akacheka, wenzake wakamfokea.

Ulisema kweli mbele za watu. Ukiikana kwa ajili yangu, hapo ndipo nitakapoona aibu. Usisaini. Siku ukirudi, tafuta nyumba ya njano.

Mama yako mkaidi

Gerezani, 3 Desemba 1920

Mama,

Shikamoo. Tunaachiliwa! Vita vilikwisha zamani, nao wamechoka kutulisha. Sikuomba radhi hata kwa neno moja. Nafika Jumamosi ijayo kwa treni ya asubuhi. Nyumba bado ya njano, au mvua imeiosha?

Kornelius wako

Kansas, 6 Desemba 1920

Mwanangu,

Marahaba, marahaba! Nimelia, nimecheka, nimekanda ile mikate midogo ya ghorofa, mmoja juu ya mwenzake, unayoipenda.

Ila lile neno la kutafuta nyumba ya njano lifute. Ulipohukumiwa, Bwana Harms alipaka duka lake, akasema asiyeipenda rangi akanunue kwingine. Wakafuata jirani zetu akina Unruh. Mchungaji, aliyekuwa akikukwepa, akapaka milango ya kanisa. Na yule aliyecheka siku ile alikuja kuazima ngazi yangu.

Nitakupokea stesheni mwenyewe. Ukija peke yako utapotea.

Mama yako