Alhamisi ya Ndugu

3 Machi

Shikamoo Bibi,

Goti linaendeleaje? Mimi nalala vizuri, na zile sauti zimenyamaza. Daktari anasema naweza kurudi nyumbani, ila lazima ndugu aje kunisainia, siku ya Alhamisi. Bibi, wodini si kama ule mchezo wa redioni. Hakuna anayefungwa minyororo. Tunakunja mashuka, tunagombania kitana. Njoo.

Mjukuu wako

21 Machi

Marahaba.

Goti linauma, usiliulize. Unakula? Kula, ulipoondoka ulibaki shingo tu. Sasa nisikilize. Wateja wangu niliwaambia uko chuoni. Juzi cherehani imesimama, sote masikio redioni, yule binti kichaa wa mchezoni akamng'ata mama yake, kisha akajitupa kisimani. Mteja wangu wa gauni la harusi akasema, "Hao huwa hawaponi." Na mimi nikaitikia! Sasa nikuingize humu kwa uso gani? Kaa hapo kwanza, mchezo uishe, watu wasahau. Wala usinililie.

Bibi yako

18 Aprili

Shikamoo Bibi,

Natumaini u mzima. Alhamisi sita nimevaa gauni ulilonishonea, nikakaa mlangoni hadi jioni. Wenzangu wanafuatwa. Kwenye michezo yenu kichaa hufa, au huolewa akapona. Mbona hakuna anayesimulia yule aliyepona, akakosa wa kumfuata? Usingizi umeanza kunipotea tena.

Mjukuu wako

9 Juni

Mjukuu wangu, hujambo, popote ulipo?

Naandika hapa wodini, mezani kwa nesi. Jana nilizima redio katikati ya mchezo. Nikawaambia wateja: mjukuu wangu yuko hospitali ya wagonjwa wa akili, asiyetaka nimshonee abebe kitambaa chake. Wawili wakabeba. Shauri yao.

Nimefika, kitandani kwako kalala mwingine. Nesi kanionyesha fomu, mwandiko wako: "Sina ndugu." Eti asiye na ndugu daktari humruhusu mwenyewe, ndiyo ukaandika hivyo, ukatoka, wiki tatu sasa. Mtoto mjinga wewe! Uongo huo umejifunza kwa nani? Usinijibu, najua.

Nesi hajui ulikoelekea. Namwachia barua hii, labda utakuja kuchukua dawa. Kuomba msamaha sijazoea, utaniwia radhi. Niambie tu unalala wapi. Siku yoyote, si lazima Alhamisi.

Bibi yako